Hodi Ndani ya Filamu

Muzdalifa wa pale jengo la maduka la Tianxiu alikuwa mtu wa watu, ila sifa zilimlevya upesi. Alisafirisha nguo za watoto kwenda Unguja, na mwanamke wa kwetu akifia hapa Guangzhou, yeye ndiye aliyeongoza kumuosha. Hilo hakuna wa kumnyima.

Akaja Mfaransa mmoja, dada mpole anayetengeneza filamu fupi za ajabu: kamera haisogei, muziki hakuna, kisa hakuna. Alitaka Muzdalifa akae ofisini mwake akunje magauni dakika kumi, simu aizime, asiinuke. Akiinuka, kazi yote imeharibika. Muzdalifa akavaa dera jipya, akakaa. Katikati ya kukunja, mlango ukagongwa. Hakuinuka.

Siku hiyo sisi tulimuosha marehemu Bi Lulu, mwenzetu, kwa kubabaisha, tukiulizana kipi kinatangulia. Muzdalifa alifika jioni analia, akasema alikuwa mbali, bandarini Huangpu, akipakia kontena, simu ikamwishia chaji. Tukamwamini.

Filamu ilipokamilika alitualika sote, maana alidhani kelele zitafutwa na kuwekwa muziki, kama filamu tulizozizoea. Tulikwenda tumejifukiza udi.

"Leo laoban wetu ni nyota!" Zainabu, mfanyabiashara mwenzake, alimtania. Bosi mwenyewe akacheka kwa maringo.

Taa zikazimwa. Gauni la kwanza, la pili, la tatu. Usingizi ukaanza kuninyemelea. Ndipo ikasikika hodi, na sauti ya Zainabu nje ya mlango: "Da Muzdalifa, upo? Bi Lulu katutoka. Njoo umkoshe, wenzio hatujui!"

Kwenye filamu mikono ya Muzdalifa ilisita kidogo, kisha ikaendelea kukunja.

Wageni wasiojua Kiswahili walipiga makofi. Sisi hakuna aliyenyanyua mkono. Zainabu alijifunga ushungi wake upya bila kumtazama.

"Kumbe Huangpu ni karibu hivi," alisema.

Niliona aibu mimi, seuze Muzdalifa.

Mfaransa akampa kipaza sauti, akamuuliza kwa Kichina yule mama mlangoni alikuwa anauza nini, maana kile kimya baada ya hodi kilimpendeza sana. Muzdalifa angeweza kusema anauza vitumbua, na wageni wangeamini. Alijibu kwa Kichina, taratibu, na tabasamu la Mfaransa likafifia. Kisha akatugeukia sisi.

"Nimemwambia alikuja kuniita nikamkoshe mwenzetu. Na mimi nilikuwepo."