Alituimbia kwa Lugha ya Bibi Yake

Alhamisi asubuhi binti wa rafiki yangu mmoja alinipigia simu kutoka Australia, akanambia mama yake amefariki na wameshamzika. Wasomaji wangu hawamjui, na hilo ndilo linaloniuma. Alikuwa Mwaborijini, mmoja wa wenyeji wa asili wa nchi ile, mtunzi na mwimbaji, na kwa miaka minne alifundisha muziki katika shule moja hapa Maskati, akikaa ghorofa ya juu ya mama yangu kule mtaa wa Hamriya. Utotoni serikali yao ilimtoa mikononi mwa mama yake, ikamtia katika bweni la kanisa alikopigwa kila aliposema lugha ya kwao. Alijifunza upya ukubwani, kwa shangazi yake mmoja, na kwa lugha hiyo hiyo akatunga nyimbo.

Alinisimulia siku nyimbo hizo zilipomponza. Kampuni ya madini ilimwalika aimbe kwenye uzinduzi wa mgodi uliochimbwa katika ardhi ya ukoo wake. Wakamtaka aimbe kitu cha asili, tena cha furaha. Akaimba, na wakubwa wakasimama kumpigia makofi. Haikupita wiki, mtu akawafasiria: wimbo ulikuwa ukiwauliza wameipeleka wapi mifupa ya bibi zake. Tangu hapo mialiko ikakatika, redio zikaacha kupiga nyimbo zake, na yeye akaja huku kufundisha watoto wa watu nyimbo za watu. Nilimuuliza kama anajuta.

"Najuta kwamba nilitabasamu," alisema.

Mama yangu, mzaliwa wa Unguja, alikuwa akimsikia akiimba jikoni kwake. Siku moja akamkaribisha kahawa, nami nikawa mkalimani. Alitaka kujua lugha ile inasemwa na watu wangapi. Mgeni akajibu kwamba anaowajua ni wawili, yeye na shangazi yake. Mama akawatazama wanangu waliokuwa sebuleni wakichanganya Kiarabu na Kiingereza.

"Mwambie," akanambia, "mie nna wajukuu saba, na nikiwatania kwa Kiswahili hapana anayecheka."

Sikuifasiri sentensi hiyo. Niliona haya. Miaka yote nimeandika katika safu hii juu ya thamani ya lugha zetu, na nyumbani kwangu nimeiacha moja ife kwa uvivu tu, bila ya serikali yoyote kunilazimisha.

Kabla hajarudi kwao nilimuahidi makala. Mhariri akaniuliza nani anamjua mwanamke huyo, nami sikubishana. Jana mhariri huyo huyo amenipa nafasi bila ya kuuliza, kwa sababu sasa ni marehemu. Ndivyo tulivyo: msanii aliye hai anatusumbua, aliyekufa anatupamba. Mtu anayestahili kuandikwa aandikwe angali anaweza kusoma na kubisha. Huenda humu nimekosea mengi juu ya maisha yake. Mwenye haki ya kunisahihisha hayupo tena, na kosa hilo ni langu, si la mauti.