Bamdogo Hamdu kwa Kasi ya Moja

Nta ya nyuki ikikaa karibu na kitu chenye joto hutoa harufu ya asali iliyopoteza utamu, harufu nzito inayoganda kooni, na mimi hadi leo nikiisikia nageuza shingo kutafuta kompyuta. Wenzangu wa umri huu hukumbushwa utoto na harufu ya mvua ya kwanza. Mimi nakumbushwa na nta, pamoja na vumbi lililokuwa likiungua nyuma ya kompyuta moja kubwa kama jiko, katika stoo ya nyumba ya Kanyenye, Tabora, ambamo mume wa mama yangu mdogo alihifadhi asali aliyoinunua Ipole. Madumu yalipangwa ukutani, mabonge ya nta yakarundikwa juu ya magunia, na katikati yake, juu ya meza yenye kitambaa cha kudarizi, ilikaa mashine ile aliyoileta kwa treni kutoka Dar es Salaam, ameizungushia blanketi na kuipakata njia nzima kama kichanga. Kompyuta wakati huo ilikuwa kitu cha ofisini. Yeye alisema ni ya kuandikia barua za biashara. Sikuwahi kuona barua hata moja.

Alichokuwa akifanya Bamdogo Hamdu mle ndani, akishafunga duka lake la asali, ni kucheza. Mchezo wenyewe haukuwa na adui wala mshindi. Wewe ulipewa nchi tupu, ukaweka maji unapotaka, miti, njia, nyumba, na baada ya hapo watu wadogo wakaja wenyewe kukaa, wakafanya kazi, wakazeeka, wakatoweka. Yeye alikuwa amechora barabara ya misafara kutoka ukingo wa mashariki wa skrini, akaipitisha mahali alipopaita Kigwa, ikaingia Tabora kati ya mitende miwili miwili, ikaendelea magharibi kuelekea Ujiji. Wasafiri walipita na mizigo yao, wakapumzika, wakaenda. Mwaka ule mwalimu wetu alikuwa ametufundisha ni akina nani hasa waliobeba mizigo kwenye njia ile, na wengine walipita wamefungwa nini shingoni, na darasa zima likageuka kunitazama mimi, mtoto wa Waarabu wa mjini. Nilimuuliza Bamdogo mbona watu wake hawana minyororo. Alisema, "Humu nimeweka mazuri tu, mama."

Kasi ya nchi ile iliamriwa kwa maandishi. Ulibonyeza kitufe kimoja, ukanda mweusi ukatokea chini, ukaandika neno la Kiingereza ambalo sisi tulilitamka spidi, ukaruka nafasi, ukaandika tarakimu. Tisa, miji ilichipuka kama uyoga. Sifuri, kila kitu kilisimama pale pale, hata moshi. Bamdogo hakupita moja. Nilipomsihi aongeze, alinijibu kwa lafudhi ya watu wa kijijini ili nicheke: "Mtu wa Tabora hakimbizwi." Na ndani ya mji huo alikuwa na mtu wake mmoja aliyempa jina lake mwenyewe. Hamdu huyo mdogo, mwenye shati la buluu, alitoka nyumbani asubuhi, akaenda dukani, akarudi jioni. Juu ya kichwa chake ulisoma jina, na pembeni ya jina, umri.

Kisha Bamdogo akapata homa huko Ipole alikokwenda kupima asali, wakamrudisha ndani ya gari la tumbaku, akazikwa kesho yake. Mama mdogo Salma akakaa eda, miezi minne na siku kumi, kwa nguo nyeupe, bila wanja, bila kuvuka kizingiti. Hawakuwa na watoto, kwa hiyo nilitolewa kwetu nikakae naye, niwe miguu yake ya kwenda sokoni na mdomo wa kujibu hodi. Nyumba iliyozoea udi kila jioni ilibaki na nta peke yake. Duka, ambalo mlango wake mmoja ulikuwa barabarani na mwingine uani, lilifungwa, na kompyuta ikafunikwa kanga kama kioo cha kujitazamia kinavyofunikwa msibani.

Mtu aliyekuja mara nyingi zaidi ni Bi Zuena, dada wa marehemu, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuita kuku. Alileta uji wa ufuta, akalia kidogo, kisha akatazama dari. Mara ya kwanza alisema paa linavuja. Mara ya pili alisema nyumba ni kubwa kwa mtu mmoja. Mara ya tatu akatamka alichokuja nacho: "Salma wifi yangu, eda ikiisha kaka zetu watakuja tuzungumze. Duka halikai tupu. Kuna kijana wetu Nzega, hana kazi, ana akili ya biashara. Na wewe utataka kurudi kwenu ukapumzike." Mama mdogo alijibu, "Tutaona," akaendelea kuchambua mchele. Nilimwona anatupa mchele na kubakiza mawe. Alikuwa ameishi katika nyumba ile tangu harusi yake, alijua kuonja asali na kukwambia nyuki walikula maua gani, lakini dukani hakuwahi kukaa hata siku moja mbele ya mizani. Haikuwa desturi yao. Sasa kila mtu alikuwa anasubiri siku zipite, na hakuna aliyemuuliza zikishapita yeye atakuwa wapi.

Mimi nilikuwa mtoto na nilichoka na msiba, nakiri bila aibu kubwa. Alasiri moja nilifunua kanga, nikawasha, na kwa kuwa hapakuwa na wa kunizuia nikaandika sita. Mji wote ukaanza mbio. Wasafiri wakamiminika kutoka Kigwa, na Hamdu mdogo akawa anatoka nyumbani na kurudi kama anayefukuzwa na nyuki. Sikumsikia Mama mdogo akiingia.

"Nani huyo anakimbia?"

"Bamdogo," nikasema, nikajuta.

Aliinama hadi pua ikakaribia kugusa kioo. Akalisoma jina polepole. "Mbona unamkimbiza?" akauliza. "Kakukosea nini?"

Nikamwekea moja. Hamdu mdogo akapunguza mwendo, akapita kwenye mitende, akafika dukani. Mama mdogo akavuta dumu tupu, akaligeuza, akakaa. Tangu siku hiyo, kila baada ya sala ya alasiri, alikaa juu ya dumu lile kumtazama mumewe akienda kazini, na jioni ilipofika kule ndani akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Anarudi huyo." Mara nyingine alimsema: leo kachelewa, leo kapitia wapi. Nilidhani amepona. Sasa najua nilikuwa namtazama mtu akizama.

Tatizo ni ule umri pembeni ya jina. Hata kwa kasi ya moja, tarakimu ilipanda. Aliigundua mwenyewe. "Juzi haikuwa hii," akasema. Nikamweleza kwamba watu wa humo huzeeka, na wakishazeeka huondoka. Alinitazama kana kwamba mimi ndiye niliyewaumba. "Basi weka ile ya kusimama."

Nikaweka sifuri. Hamdu mdogo akasimama mbele ya mlango wa duka, mguu mmoja juu, na siku iliyofuata tulimkuta hivyo hivyo, na iliyofuata pia. Mama mdogo alimtazama, akaguna, akasema, "Hii ni picha. Picha ninazo." Tukarudisha moja. Tarakimu ikapanda, akaogopa, tukarudisha sifuri. Tuliendelea hivyo hadi mwezi wa mfungo ukaingia, ukaisha na joto likawa la kuyeyusha nta, mimi nikiwa na kidole kwenye kibodi na yeye nyuma yangu akisema, "Mwachie kidogo. Basi. Msimamishe." Alikonda. Chakula nilichopika, na nilipika vibaya, alikisogeza pembeni apate pa kuweka kiwiko.

Siku Bi Zuena alipotukuta, mtaa mzima ulisikia. "Salma! Eda gani hii ya kukaa faragha na mwanamume?"

"Mwanamume gani? Si ndugu yako huyu?"

"Ndugu yangu yuko kaburini!"

"Basi huyu ni nani? Soma jina."

Bi Zuena akasoma, akashindwa kumalizia, akaziba mdomo kwa mtandio. Kisha akafanya ambalo nadhani lingefanyika katika familia yetu tu: akaenda kumleta maalim atoe hukumu kama mtu wa kwenye kompyuta ni mume, ni maiti au ni mwanamume wa kando. Maalim, bwana mpole mwenye kikohozi, alikaa upande wa pili wa pazia akaelezwa kesi na wanawake wawili kwa mpigo. Alifikiri sana. Akauliza kitu hicho kinakula umeme kiasi gani. Akasema kisiwashwe wakati wa sala, akaomba chupa ya asali ya kikohozi, akaondoka. Bi Zuena akatangaza kwamba hilo ni katazo. Mama mdogo akatangaza kwamba hilo ni ruhusa.

Siku ya kutoka eda, wanawake walimwogesha tangu asubuhi, wakamvika nguo ya rangi, na udi ukafukizwa nyumbani kwa mara ya kwanza tangu msiba. Kaka wa marehemu walikuwa wamekwisha fika kwa Bi Zuena pamoja na yule kijana wa Nzega, na walitarajiwa kwetu baada ya chakula cha mchana. Wanawake walipoondoka, Mama mdogo akaniita stoo. Alikaa juu ya dumu lake, nywele bado mbichi. Skrini ilikuwa imesimama; Hamdu mdogo alikuwa kizingitini kwake.

"Weka tisa," akasema.

"Atazeeka, Mamdogo."

"Najua. Weka."

Niliandika. Mji ulitetemeka, mitende ikarefuka, mchana na usiku vikawa kama mtu anayechezea swichi. Shati la buluu lilikwenda na kurudi, likaenda na kurudi, hata tusiweze tena kulitenga na wengine. Mama mdogo alinishika bega na kucha zake zikaniingia. Halafu shati halikutoka. Tulisubiri. Akatoka mlango ule ule mtu mwenye shati la njano na jina la kubahatisha ambalo mashine ilijitungia yenyewe, akapita kwenye mitende ile ile, akaingia kwenye duka lile lile, na wasafiri wakaendelea kupita bila hata mmoja kusimama.

Nilianza kulia. Yeye hakulia. Aliuliza, kama anayeuliza jirani, "Wamemweka lini huyu?"

"Hawajamweka. Anaingia mwenyewe. Nyumba ikiwa tupu mtu anaingia."

"Papo hapo?"

"Papo hapo."

Alinyanyuka. Alichukua funguo msumarini, akapita uani, na nikasikia milango ya duka ikifunguliwa, kwanza wa ndani, kisha ule wa barabarani ambao uligoma, akaupiga teke. Kaka wa marehemu walipofika walimkuta amekaa nyuma ya mizani, uso wazi, anampimia asali mteja aliyetoka Kigwa. "Karibuni shemeji zangu," akawaambia. "Ndani mna viti. Nakuja, mteja kwanza." Yule kijana wa Nzega hakujua asimame wapi, akasimama mlangoni akiwazibia watu njia, hadi akaombwa asogee.

Nisidanganye kwamba mambo yalikwisha hapo kwa furaha. Maneno ya siku ile yalikuwa makali, na mengine yalirudiwa miaka. Nyumba iligawanywa kwa ukuta wa matofali uliopita katikati ya ua. Bi Zuena hakumsalimu hadi alipougua yeye mwenyewe, na aliyemuuguza ni Salma. Duka lilibaki kwa Mama mdogo. Kompyuta, kaka wa marehemu waliitaka, wakaibeba na blanketi lake, na nilipomvuta nguo Mama mdogo awazuie alisema tu, "Waache. Hayumo."

Leo mimi ni mhadhiri Dar es Salaam, nimeandika kurasa nyingi kuhusu mwendo wa misafara ya zamani, ilitembea siku ngapi na kupumzika wapi, na nimealikwa kuzisoma mbele za watu waliosinzia. Mwanangu anacheza mchezo wa aina hiyo hiyo, wenye dunia ya matofali, na juzi aliandika amri, ngano ikamea, ikakua, ikaiva mbele yangu kabla sijamaliza kuvua miwani. "Umeona, mama? Hakuna kusubiri." Nilimwambia azime, kwa ukali ambao haukumhusu. Baba yake alifariki mwaka juzi. Mimi nilikaa eda yangu kwa utaratibu wote na kutoka kwa utaratibu wote, na viatu vyake bado viko mlangoni, kimoja kimetangulia kingine, kama alivyoviacha. Nafagia kwa kuvizunguka. Nimemkataza dada wa kazi kuvigusa, na wageni wameshajifunza kuviruka. Mwanangu naye huviruka, bila kuniuliza neno, na hilo ndilo linaloniamsha alfajiri.

Nilimpigia Mama mdogo nimweleze habari za ngano, nikijifanya ni kichekesho. Ni mzee sasa, ila bado yuko dukani. Alisikiliza hadi mwisho, kisha akauliza kwa sauti ya kuulizia bei, "Na wewe huko, umeweka ngapi?"

Nilitazama mlangoni. "Sifuri, Mamdogo."

Nyuma yake nikasikia mtu anaulizia asali ya nyuki wadogo, naye akamwambia asubiri.

"Weka moja," akasema. "Moja tu. Mtu wa Tabora hakimbizwi." Kisha akakata simu, kwa sababu alikuwa na mteja.