Baraza Lililokula Mbuzi Likanyamaza

Kabla hujaondoka, mwanangu, usikie: kuna asubuhi moja haijanitoka kichwani tangu nilipokuwa bibi-arusi hapa Baraka, kando ya ziwa, Wabelgiji wakiwa bado wanatutawala.

Mume wangu Wilondja alikuwa mwalimu, mtu wa vitabu. Alipenda kuandika juu ya mapatano: mwami, yaani mtawala wetu wa jadi, akipatana na wageni, anasema kwa niaba ya nani? Na nani ana haki ya kumwuliza? Gazeti la misioni lilichapa maandishi yake, yakasomwa kutoka Nundu mpaka Fizi.

Siku zile mwami wetu alikuwa amepatana na wafanyabiashara wageni kutoka Usumbura waje kuvua kwa nyavu zao kubwa karibu kabisa na ufuko, pale wavuvi wetu walipopata ndakala, dagaa wetu. Wazee wa baraza hawakuulizwa. Walichinjiwa mbuzi na mwami, wakala, wakarudi majumbani. Penye wazee haliharibiki neno, ndivyo tunavyosema, lakini ni pale wazee wanapofungua vinywa. Na mmoja wao alikuwa baba mkwe wangu, Mzee Mlondani.

Gazeti lilipofika, Wilondja alikuwa shuleni. Mzee hakujua kusoma. Mimi nilifundishwa na masista. Akaniita.

"Mutoto yangu, unisomee maneno ya bwana yako."

Nikaanza. Mzee alikuwa akitabasamu, mwanawe anasema na nchi nzima! Macho yangu yakatangulia mstari, yakaona hivi: "Simlaumu mwami peke yake. Baraza liliwekwa ili limwulize, nalo limekula mbuzi likanyamaza."

Ningeweza kuuruka mstari ule, nani angejua? Lakini kesho angeyasikia sokoni, katika kinywa cha mtu anayecheka. Nikasoma yote.

Akasogeza kiti karibu. "Soma tena fasi ile ya mbuzi."

Nikasoma.

"Iko kweli," akasema.

Wilondja aliporudi, mzee alimkalisha mbele yake. Hakupandisha sauti.

"Kalamu yako haikukosa. Miguu yako ndiyo ilikosa. Ilipita mulango yangu, ikaenda kwa padri. Tunakula sahani moja, mi na we. Juu ya nini nisikie haya kwa gazeti?"

Mume wangu alipiga magoti akaomba radhi. Maandishi hakuyakana, na mzee hakumtaka ayakane.

Baraza lilipokutana, Mzee Mlondani alisimama. "Mwami, utueleze. Ulipatana nini na bale bageni, na juu ya nini sisi hatukuulizwa?" Watu wakaangalia chini. Kisha mzee mwingine akasema, "Na mimi nauliza." Wa tatu akafuata.

Mwami alikasirika sana. Lakini aliwaita wale wageni tena, safari hii wazee wakiwapo, na nyavu zile zikasogezwa kilindini, mbali na ufuko.

Sisi hatukupona bure. Wilondja alihamishwa shule kwa sababu ya maandishi yale, tukapelekwa milimani ng'ambo ya Misisi, nami nina mimba ya kwanza. Nililia njia nzima. Mzee alitusindikiza mpaka mwisho wa mji, akamshika mwanawe bega: "Uendelee kuandika. Ila uanzie kwangu." Na kweli, tangu siku ile kila andiko lilisomwa nyumbani kwanza, wakati mwingine kwa ugomvi.

Basi sikia, mwanangu. Anayekwenda kusema na wageni kwa jina lako, akirudi mwulize amesema nini. Kuuliza si ujinga, wala si dharau. Ukiwekwa wewe kuuliza, usikubali kushibishwa ukasahau kilichokukalisha pale. Na ukiona kosa la mtu wako, mwambie yeye kabla hujauambia mji.

Mungu akupe mdomo usioogopa kweli, akuzungushie watu watakaokuonya usoni, na uzee wako uwe na amani. Haya, nenda salama.