Debe Kichwani mwa Mama

Harufu ninayoikumbuka kwanza ni ya udongo mbichi wa handaki. Wakati wa Hali ya Hatari iliyotangazwa na wakoloni tulihamishwa kutoka shambani kwetu, upande wa Wamagana, tukarundikwa katika kijiji kilichozungushiwa handaki lenye miti iliyochongoka, na mama zetu ndio waliolichimba. Nilikuwa na miaka saba. Kuteka maji kuliruhusiwa saa moja tu kwa siku, askari nyuma, kisha lango linafungwa. Mama alifariki kwa homa ya mapafu kabla hatujatoka humo. Hakuacha picha hata moja, na kinachoniudhi miaka yote hii ni kwamba niliusahau uso wake. Ninachokikumbuka ni kitambaa chake cha kichwani tu, maana kwetu mwanamke hubeba mzigo mgongoni, ukanda wa ngozi umepita kwenye paji la uso, naye ameinama anatazama njia.

Sasa basi, asubuhi moja akaja mzungu na kamera ya sinema. Alitaka kuonyesha huko kwao jinsi tulivyoishi raha mustarehe, afadhali ninyamaze. Akawachagua wanawake watatu, mama akiwemo, akaagiza wabebe madebe ya maji kichwani, wima, wakitabasamu. Kichwani! Nani alimwambia Wakikuyu hubeba maji kichwani? Mama akamgeukia askari aliyekuwa akitafsiri, mtu wa kutoka magharibi mwa nchi.

“Mwambie sisi tunabeba na mgongo.”

“Mama, beba tu, amalize aende,” askari akajibu, naye amechoka.

Mama akabeba. Maji yakammwagikia. Akarudishwa mtoni, yakamwagika tena, akarudishwa tena, hadi saa ikaisha na lango likafungwa. Jioni ile hatukupika. Nilimnunia mama, mjinga mimi, kana kwamba kosa lilikuwa lake.

Mwezi uliopita mjukuu wangu Wanjiru, anayetengeneza filamu za kumbukumbu za familia, alikuja na kamera yake. Akanivisha ukanda, akanibebesha kuni, akanipitisha kando ya migomba. Ati mara moja tena, Cucu, bibi yangu, jua lilijificha. Mara nne, na magoti yangu haya! Nikautupa mzigo chini nikamwambia hana tofauti na yule mzungu. Yeye akafungua kompyuta taratibu. Alikuwa ameipata filamu ile katika hifadhi ya zamani, akataka nimwambie waliomo ni akina nani. Mwanamke wa tatu alikuwa amesimama wima kwa sababu ya debe, maji yanamtiririka shingoni, hatabasamu hata kidogo, anaikodolea kamera macho ya mtu aliyechoshwa kabisa. Nikamjua papo hapo. Nililia, tena kwa hasira, kwa sababu upuuzi uliotulaza njaa ndio pekee ulioniwekea uso wa mama yangu.

Wanjiru akaokota ukanda ili tuendelee. Nikamwambia auweke chini.

“Unataka watoto wako waone kitambaa changu tu? Nipige picha nikiwa nimesimama.”

Akaniomba nitabasamu kidogo. Nilikataa.