Mfalme wa Jiwe la Kusagia

Enzi zetu hakuna aliyetuuliza tunataka hadithi gani. Ilikuwa moja tu, ya Mfalme Omong'aini, yaani mwerevu, na ilidumu kadiri wimbi lilivyodumu jiweni. Nyanya, mamake baba yetu, alipiga magoti nyumbani kwake kila jioni, akasaga huku akisimulia. Wimbi likiisha alifuta jiwe, akasema, "Unga umetosha," na mfalme akabaki pale pale, hata kama mguu mmoja uko hewani. Ulie, ubembeleze, wapi! Watoto wa siku hizi umeme ukipotea katikati ya katuni wanataka kuhama nyumba.

Nchi ya mfalme ilikuwa juu ya mawingu, nyuma ya milima ya Manga. Huko mito ilipanda mlima asubuhi na kuteremka jioni, na migomba ilikuwa na maandishi kwenye kila jani. Mfalme aliyasoma yote. Hakugusa chakula kabla ya kufundishwa jambo jipya na mtu wa kawaida, basi siku nyingine alishinda njaa akimfuata mchunga mbuzi: "Nifundishe hata kadogo!" Vita hakupigana. Maadui walipokuja aliwauliza maswali mpaka wakaona haya, wakarudi kwao. Nyanya hakujua hata herufi moja, lakini mfalme wake nilimpenda kuliko watu wengi niliowajua. Mpaka leo nikisikia wakubwa wakibwatuka redioni, namkumbuka.

Tulimsikiliza Nyanya, mimi na dada yangu Kerubo, moshi ukituwasha macho, chungu cha chinsaga kikitokota. Mboga hiyo wajukuu wangu huisukuma pembeni mwa sahani kana kwamba nimewapa kwinini. Mchana tulikuwa tumeruka kamba ya mgomba na kuteleza matopeni hadi nguo zikakosa rangi. Kerubo ndiye aliyekuwa shuleni kwa wamisheni, na akirudi alinichorea herufi mavumbini kwa kijiti. Alikuwa na akili, jamani, na alikipenda kitabu kuliko uji.

Baba hakuingia kwa Nyanya wakati wa hadithi. Kwetu Wagusii kuna chinsoni, heshima ya kuoneana haya: mzazi haketi na watoto wake penye mzaha, na hadithi ya Nyanya ilijaa mzaha. Lakini tulijua yuko nje. Kila jioni alipata kazi ya kurekebisha ua, hapo hapo karibu na ukuta.

Mwaka ule wageni walitoka upande wa Nyamache kumposa Kerubo. Baba akakubali. Mavuno yakiisha ng'ombe watakuja, na shule basi. Binti hakubishana na baba. Kerubo alienda kulilia mtoni. Nyanya naye hangeweza kumkemea mwanawe, mwanamume mwenye mji wake, mbele ya watoto wake. Chinsoni zilimfunga hata yeye.

Jioni hiyo akasaga. Mfalme amezeeka, alisema, macho yamefifia, hawezi tena kusoma majani. Nchi nzima anayeweza ni mmoja tu, binti yake. Na sasa wazee wa ng'ambo wamefika na ng'ombe kumposa.

"Mfalme akasema nini?" niliuliza.

Nyanya akafuta jiwe. Wimbi lilikuwa bado limejaa kwenye ungo, nililiona. "Unga umetosha."

Jioni zilizofuata hakusaga. Alisingizia mgongo, tukala viazi vitamu. Baba akawa mkali kwa kila mtu, hata kwa kuku. Kisha siku moja tukamwona anakuja na kikapu cha wimbi begani, yeye mwenyewe, mwanamume ambaye hakuwahi kupeleka wimbi jiweni kwa sababu hiyo ilikuwa kazi ya wanawake. Alikiweka mlangoni, akarudi nyuma ya ukuta.

Nyanya alisaga kwa muda. Halafu akapaza sauti kidogo: "Mfalme bado anawaza. Hajui atawaambia nini wale wazee."

Tukasikia kikohozi nje.

"Mama," baba alisema, "mwambie huyo mfalme wako arudishe ng'ombe za watu. Huyo msichana asome."

Kerubo alinishika mkono hadi ukaniuma. Nyanya hakuacha kusaga. "Mfalme amesikia, Tata," akajibu, akimwita mwanawe "baba" kwa heshima.

Kerubo alisoma, akawa mwalimu, akafundisha Nyamira mpaka nywele zikawa nyeupe. Yeye na baba hawakulitaja jambo lile maisha yao yote.

Siku hizi chinsoni zimelegea, na sizililii zote. Baba na binti wanaketi kochi moja, wanataniana, wanaambiana lolote. Kusema kweli nawaonea wivu. Ila juzi nilimsikia mjukuu wangu akimweleza babake jambo linalomsumbua shuleni, machozi yanamlengalenga, naye baba anaitikia "mm, mm," kidole kikiteleza kwenye simu. Nikamkumbuka mwanamume aliyesimama nje kwenye baridi, asiyeruhusiwa kuingia, na hakupitwa na neno.