Mwaka wa Pili wa Tiberio

Antiokia nzima, ukipita mtaa wa wauza zeituni, humpiti Martana kimya. Atakuita, "Wewe, wapita tu kama upepo, umekula?" Kabla hujajibu, zeituni zimo kiganjani mwako. Alifiwa na mume angali kijana, akalea watoto kwa kuuza zeituni alizoloweka maji ya chumvi mitungini mwake, akawaoza mbali, akabaki na mitungi.

Vuli hii, zeituni zilipokwisha kukamuliwa, akatangaza mtaani kwamba ametimiza sitini, na alitangaza kwa furaha. Maana katika mkutano wa ndugu wa Kristo kuna benchi la wajane. Mwenye sitini huketi hapo, hulishwa na ndugu, huwaombea watu, naye huahidi kutoolewa tena. Ambaye hajafika sitini huambiwa aolewe. Martana alikuwa amechoka kula peke yake.

Malkio mwoka mikate naye alikuwa amechoka kula peke yake. Alikwisha kumposa zaidi ya mara moja, na kila mara Martana alimchekea: "Kizee na kikongwe! Tutaazimana meno?" Lakini mkate wake wa asubuhi aliupokea, hata ulioungua upande.

Siku ya kupokelewa ikafika. Aliyesimamia alikuwa mzee Urbiko, mgeni kutoka Rumi.

"Dada, ulizaliwa lini?"

"Mwaka wa pili wa Tiberio, wakati wa zeituni."

Urbiko akakunja vidole, akavikunjua, akavikunja tena. "Una hamsini na tisa."

"Nani? Mimi?" Martana akashika kiuno. "Mzee wangu, Augusto alikufa kiangazi, Tiberio akakalia kiti. Siku zile chache zikahesabiwa mwaka wake wa kwanza; vuli mwaka mpya wa kwetu ukaingia, ndio wake wa pili huo, nami nikazaliwa. Hata mbuzi wa hapa wanajua!"

"Mfalme hata kiti hakijapata joto, tayari yuko mwaka wa pili? Kwetu Rumi asingefika huko mpaka kiangazi kirudi. Wewe ni wa zeituni za mwaka uliofuata."

"Basi kwa hesabu yenu nilizaliwa huku natembea!"

Watu wakaangua kicheko. Urbiko naye akacheka, ila hakulegea. "Niletee shahidi."

"Yupo. Malkio alikuwepo. Simama, useme!"

Malkio akasimama, unga ungali kwenye nyusi. Neno moja tu, "sikumbuki," lingemwokoa. Martana angerudi nyumbani na hamsini na tisa yake, na mlango wa posa ungebaki wazi. Akaipangusa mikono ambayo haikuwa na kitu.

"Nilikuwa mtoto," akasema polepole. "Watu walikuwa bado wanamlilia Augusto. Mimi ndiye niliyetumwa kumwita mkunga, nikajikwaa kwenye kapu la zeituni, alama hii hapa gotini. Ni vuli ileile. Martana ana sitini."

Akaketi, akakodolea macho sakafu.

"Haya, nimeshindwa," akasema Urbiko. "Dada, karibu benchini."

Martana hakusogea. Alikuwa akimtazama mwoka mikate yule, aliyemkosa kwa kinywa chake mwenyewe kwa kuwa hakuweza kusema uongo. Miaka yote hii alikuwa akiutazama mkate, hakumtazama mwenye mkate.

"Mzee Urbiko, huko Rumi mimi ni hamsini na tisa, siyo?"

"Lakini si tumekwisha kukubali..."

"Nimeuliza Rumi."

"Rumi, ndiyo, hamsini na tisa."

"Na mjane wa hamsini na tisa mnamwambiaje?"

Urbiko akakuna kichwa. "Aolewe."

"Mmesikia wenyewe, si maneno yangu. Sitini zangu ziko palepale, na atakayezipunguza atanijua. Ila mwaka huu mmoja nitauhesabu Kirumi. Malkio! Umekaa kama gunia la unga, hujasikia agizo?"

Malkio akainuka nusu, akaketi, akainuka tena.

"Na meno?" akauliza.

"Yangu yapo. Wewe lete mkate usioungua."