Mke Wangu Aliulizwa Kama Angeolewa Nami Tena

Mizimu siiamini. Lakini nimemwona marehemu mke wangu akiulizwa swali kwenye televisheni, Uswidi nzima inatazama, akanyamaza.

Na mimi najua alijibu.

Naitwa Sixten. Shule sikufika mbali. Maisha yangu yote nimeendesha greda la kusukuma theluji huku Burträsk, kaskazini mwa Uswidi. Mwenye kichwa alikuwa mke wangu, Maj-Lis. Kila wiki yuko Stockholm, kwenye runinga, anachambua vitabu na michezo ya kuigiza mpaka waandishi wakubwa wanatoka jasho.

Ila mabosi walimchukia kwa kitu kimoja: pumzi.

Huku kaskazini "ndiyo" hatuisemi. Tunaivuta. Unabana midomo, unavuta hewa mara moja, fyup! Kama mtu anayeonja kahawa ya moto. Basi, umekubali.

"Maj-Lis, ongea kama watu," bosi wake, Rutger, alimwambia.

"Kwani mimi ng'ombe?"

Wakamsogeza hadi saa ambazo watu wamelala. Halafu wakamtoa kabisa.

Kipindi chake cha mwisho, mtangazaji mwenzake akamtania: "Ukizaliwa upya, utaolewa tena na yule wa greda?"

Akainamisha macho. Akatabasamu. Fyup!

Mimi hapa jikoni nililia mpaka kahawa ikapoa, na lile jibini tunalotumbukiza humo huku kwetu likiwa bado ndani.

Mwaka huu theluji ilipoanza kuyeyuka, akafariki. Wale wale waliomtimua wakatangaza kipindi cha kumkumbuka, watarudia kile chake cha mwisho. Aibu hawana.

Majirani wakajaa kwangu, viatu mlangoni, keki mezani. Wao wanamtazama Maj-Lis. Mimi nangoja ile pumzi tu.

Swali likaja.

Akainamisha macho. Akatabasamu.

Kimya.

Jirani yangu Evert akaweka kikombe chini. "Lo, Sixten! Kakukwepa mchana kweupe!"

"Alijibu!"

"Basi sisi sote viziwi, ndugu yangu."

Hakuna aliyegusa keki tena. Walivaa viatu vyao wakinionea huruma. Huruma ile, bora wangenizaba kofi.

Kesho yake nikampigia Rutger.

"Mmeipeleka wapi pumzi ya mke wangu?"

"Ile kelele? Mzee Sixten, vijana walisafisha sauti. Sasa anasikika vizuri."

"Rudisheni ya zamani."

"Tukishasafisha, ya zamani tunafuta. Ndio utaratibu."

Utaratibu! Mtu ameishi na mimi tangu usichana, jibu lake limefagiwa kama vumbi.

Rutger akashusha sauti, eti ananibembeleza. "Lakini mzee, niambie ukweli. Wewe unaamini kabisa alikubali?"

Nikabana midomo. Nikavuta pumzi.

Fyup!

"Halo?" akasema. "Halo? Mzee, upo?"

Halafu nikamsikia akimwambia mtu pembeni yake: "Amekata simu, yule babu."

Sikuwa nimekata.

Ndugu zangu, mkubwa akikwambia anakusafishia, muulize kwanza uchafu ni upi. Huenda ni wewe.